Barua Niliyokataa Kuiandika

Disemba iliyopita niliporudi nyumbani Pongwe kwa likizo, nilipewa kazi ambayo hupewa kila mtoto wa mtaani aliyefika chuo kikuu: kuandika barua. Haikuwa barua ya posa wala ya kumwombea mtu kazi. Vijana wa kijiweni walitaka barua rasmi, yenye "YAH:" iliyopigiwa mstari, iende kwa uongozi wa kiwanda cha saruji. Ombi lenyewe lilikuwa moja tu: kiwanda kianzishe timu ya mpira, kiisajili, kiilipe mishahara, kiipandishe mpaka Ligi Kuu.

"Dada, wewe andika kisomi," mmoja wao aliniambia. "Waambie Mtibwa wana sukari na wana timu. Kagera wana sukari na wana timu. Azam anasaga unga, ana timu na uwanja juu. Sisi saruji yetu inajenga nchi nzima, tuna nini?"

Orodha ya waliounga mkono ilikuwa tayari, imeandikwa kwenye karatasi iliyochanwa kwenye daftari. Jina la pili lilikuwa la mdogo wangu. Ana miaka 17, ni golikipa, na glovu zake zimeshonwa upya kwa uzi wa magunia.

Nilikaa na karatasi ile siku tatu, kisha nikawarudishia bila barua. Walininunia. Walisema nimeshakuwa mtu wa Dar, nimesahau nilikotoka. Kijiweni sikupewa nafasi ya kumaliza hata sentensi mbili, kwa hiyo nazimalizia hapa.

Hoja yangu ni hii. Timu ya kiwanda si zawadi kwa watu wanaoishi kando ya kiwanda. Ni mali ya kiwanda, kama lori na kama ghala. Mali huuzwa, hufungiwa stoo, au huachwa ikachakaa pale mwenyewe anapoona imekuwa mzigo. Anayeomba timu ya kiwanda anaomba kupenda kitu ambacho hatakuwa na kauli juu yake hata siku moja.

Tuanze na Mtibwa, maana ndiyo inayotajwa kila mara. Klabu ya Mtibwa Sugar ilianzishwa mwaka 1988 kwenye mashamba ya miwa ya Turiani, mkoani Morogoro. Miaka kumi na moja baadaye, 1999, ikawa bingwa wa Tanzania Bara, na mwaka 2000 ikarudia. Sitaki kuidogosha habari hiyo. Timu ya mashambani, inayochezea Manungu katikati ya miwa, ilichukua ubingwa mara mbili mfululizo mbele ya Simba na Yanga, ambazo zina mashabiki kila kijiji cha nchi hii. Iliwalea akina Mecky Mexime na Zuberi Katwila, wakaichezea na baadaye wakaifundisha. Mwaka 2018 ikachukua Kombe la Shirikisho kule Arusha kwa kuifunga Singida United mabao 3-2. Kama kuna timu ya kiwanda iliyostahili kuonewa wivu Tanzania, ni hiyo.

Lakini angalia na upande wa pili wa historia hiyohiyo. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Mtibwa walishindwa kusafiri kwenda kurudiana na Santos ya Afrika Kusini, na CAF ikawafungia. Waliporudi kwenye mashindano ya Afrika kwa tiketi ya lile kombe la 2018, ilibidi kwanza walipe faini ya safari ambayo haikufanyika zaidi ya miaka kumi nyuma. Msimu wa 2023/24 wakamaliza mkiani wakashuka daraja. Mwaka uliofuata wakapanda tena, na msimu huohuo Kagera Sugar wakashuka. Viwanda vyote viwili viko chini ya kundi moja la kampuni.

Kushuka na kupanda ni mpira, najua. Ninachouliza ni nani aliumia. Wiki ile Mtibwa inashuka, sukari ya Mtibwa ilikuwa dukani kama kawaida. Kiwanda hakishuki daraja. Aliyeshuka ni mama ntilie wa Manungu ambaye siku za mechi alikuwa akipika wali sufuria mbili badala ya moja, na ni kijana aliyekuwa akiwaona Simba na Yanga kwa macho yake bila kupanda basi. Watu hao walikuwa na mkutano mkuu gani wa kwenda kuuliza? Mwanachama wa Simba au wa Yanga, hata awe hana nauli ya kurudi nyumbani, anaweza kusimama kwenye mkutano akapaza sauti mpaka akanyang'anywa kipaza sauti. Mkazi wa Turiani anaweza kuipenda Mtibwa miaka thelathini na asiwe na kura hata moja.

Wazee wetu watasema tatizo ni wenye mali wa siku hizi, kwamba zamani, enzi za mashirika ya umma, mambo yalikuwa mazuri. Hapo ndipo inabidi nimtaje mjomba wangu.

Mjomba, kaka yake mama, alikuwa winga wa kushoto. Miaka ya 1980 shirika moja la umma la mkoa mwingine lilimfuata hapa hapa Tanga na kumpa kazi ya ukarani wa stoo. Stoo yenyewe aliiona kwa nadra. Asubuhi alisaini daftari la mahudhurio, mchana alikuwa mazoezini. Alipewa chumba, posho, na jezi ambayo shangazi aliifua kwa mkono peke yake, hakumruhusu mtu mwingine kuigusa. Anasema ilikuwa miaka mizuri kuliko yote ya maisha yake, na namwamini.

Kisha shirika likaanza kuyumba. Wakaja wataalamu na makaratasi ya kupunguza wafanyakazi. Walipofika kwenye jina la mjomba waliona karani wa stoo asiyejua stoo ina nini. Timu ilivunjwa kwa tangazo la ukurasa mmoja lililobandikwa ubaoni. Mjomba akiwa na miaka 31 na goti bovu alipanda treni kurudi Tanga. Fedha alizopewa zilikuwa za karani wa daraja la chini, kwa sababu kwenye faili lake hapakuwa na neno "mchezaji" popote. Miaka yote ile ya mpira, kwa makaratasi, haikuwahi kutokea.

Nchi hii ilikuwa na timu nyingi za namna hiyo. Baada ya Azimio la Arusha mwaka 1967 mashirika yakawa ndiyo waajiri wakubwa, na kila shirika lenye fedha kidogo likataka timu. Reli ya Morogoro, Bandari ya Mtwara, CDA ya Dodoma, RTC ya Kagera, Ushirika ya Moshi: ukiyasoma majina hayo leo ni kama kusoma orodha ya ofisi za serikali, na ndivyo yalivyokuwa. Pamba ya Mwanza ilibeba jina la zao lenyewe. Uchumi wa mashirika ulipoanguka, timu nazo zikaanguka moja baada ya nyingine, hata zile zilizokuwa zikifunga magoli. Pamba ilishuka Ligi Kuu mwaka 2001 na haikurudi mpaka 2024, miaka 23 baadaye, na iliporudi ilikuwa inaitwa Pamba Jiji, mikononi mwa Halmashauri ya Jiji la Mwanza.

Majirani zetu Wakenya wamepita njia hiyohiyo. Oserian, timu ya shamba la maua la Naivasha, ilikuwa bingwa wa Kenya mwaka 2001 na 2002. Leo haipo. Sony Sugar ilikuwa bingwa mwaka 2006, na mwaka 2019 ikafukuzwa kwenye ligi kwa kushindwa kufika uwanjani mara tatu. Hakuna mpinzani aliyewafunga Sony siku hizo. Walifungwa na uchumi wa miwa.

Sasa turudi Pongwe. Tuseme wazee wetu wangeandika barua hii mwaka 1980, mwaka ambao kampuni ya saruji ya Tanga ilianzishwa, na tuseme wangekubaliwa. Tuiite Saruji FC. Ingezaliwa ikiwa timu ya shirika la umma. Mwaka 1996, shirika lilipobinafsishwa, ingejikuta mikononi mwa Holderbank ya Uswisi. Mwaka 2002 hisa za kampuni ziliorodheshwa kwenye Soko la Hisa la Dar es Salaam, kwa hiyo beki wetu wa kushoto angekuwa gharama ya kuelezwa kwa wenye hisa. Baadaye ingekuwa ya AfriSam ya Afrika Kusini. Oktoba 2021 yalitangazwa mauzo kwenda Scancem, kampuni ya kundi la Heidelberg la Ujerumani. Mwaka 2022 Baraza la Ushindani likayazuia, mwishoni mwa 2023 yakapita, na mwaka 2024 hisa hizo zikauzwa tena kwa Amsons.

Hesabu wamiliki hao. Hakuna kosa hapo, ndivyo biashara ya saruji inavyokwenda, na kiwanda kimeendelea kuzalisha muda wote huo. Lakini jiulize, kati ya 2021 na 2023, wakati mmiliki mmoja anataka kuondoka na mwingine hajaruhusiwa kuingia, nani angesaini mikataba ya wachezaji wa Saruji FC? Nani angenunua kocha? Mpya anapoingia huanza kwa kupitia gharama, na timu ya mpira ni gharama isiyozalisha hata mfuko mmoja wa saruji. Mjomba aliposikia habari ya barua yetu aliuliza swali moja tu: "Kiwanda kikiuzwa, nyinyi mtakuwa mmeuzwa na nani?"

Najua jibu la kijiweni. Azam! Na ni jibu zuri, sitalikwepa. Azam ilianza kama timu ya wafanyakazi wa kampuni za Bakhresa, ikapanda Ligi Kuu mwaka 2008, ikachukua ubingwa msimu wa 2013/14 bila kufungwa mechi hata moja, na ikajenga uwanja wake Chamazi wakati vigogo wenye miaka mingi zaidi wanapanga viwanja vya watu. Kwa mipango na nidhamu ya fedha hakuna klabu ya wanachama nchini iliyoifikia. Lakini kinachoishikilia Azam ni familia moja inayopenda mpira. Kila siku ya maisha ya klabu hiyo inategemea mapenzi hayo yasipungue. Huwezi kuomba mapenzi ya namna hiyo kwa barua yenye "YAH:", wala huwezi kuyaomba kwa kampuni ambayo wenye hisa wake hubadilika.

Wanaodhani hayo ni mambo ya Afrika tu waiangalie Sochaux. Mwaka 1928 kampuni ya magari ya Peugeot iliunda klabu hiyo mashariki ya Ufaransa, mahali ambapo karibu kila nyumba ilikuwa na mtu aliyefanya kazi kiwandani. Ikawa bingwa wa Ufaransa mwaka 1935 na 1938. Hakuna klabu iliyofungamana na kiwanda chake kuliko hiyo. Mwaka 2015 Peugeot iliiuza kwa kampuni ya Kichina. Mwaka 2023 fedha zilikauka, klabu ikashushwa daraja mezani na ikawa siku chache tu kabla ya kufa. Waliojitokeza kuiokoa ni watu wa pale pale, wafanyabiashara wadogo na mashabiki waliochangishana fedha wakanunua hisa. Ilichukua miaka 95 na hatari ya kifo ndipo watu wa Sochaux wapate kipande cha timu waliyodhani ni yao tangu mwanzo.

Mtaniuliza, basi suluhisho ni klabu za wanachama? Tanga ndiyo mahali pabaya kuliko pote pa kujibu ndiyo kwa haraka. Tunazo mbili za kihistoria, African Sports na Coastal Union, na zote mbili zimetutesa. Ugomvi wa uongozi tunaufahamu. Kutembeza bakuli tunakufahamu. Msimu wa 2015/16 timu zote tatu za Tanga zilizokuwa Ligi Kuu, yaani hizo mbili na Mgambo JKT, zilishuka kwa mpigo. Mkoa mzima ukabaki mikono mitupu. Anayeniambia klabu ya wanachama ni maskini na ina kelele, sibishani naye.

Lakini tazama kitu kimoja. Coastal Union ilianzishwa mwaka 1948, Tanga ikiishi kwa mkonge. Mwaka 1964 Tanganyika ilitoa zaidi ya tani 200,000 za mkonge, nyingi zikipita bandarini kwetu. Mashamba yakataifishwa, bei ikaporomoka, kamba za plastiki zikaja, viwanda vya mjini vikafungwa kimoja kimoja. Katikati ya miaka hiyo migumu, 1988, Coastal ikawa bingwa wa nchi. Imeshuka, imepanda, na mwaka 2018 ikarudi tena. Msimu wa 2023/24 ikashika nafasi ya nne na kwenda Kombe la Shirikisho Afrika. Ilitolewa na Bravos do Maquis ya Angola, tukanuna, tukarudi Mkwakwani msimu uliofuata. Wagosi wa Kaya wangekuwa mali ya kampuni ya mkonge, leo tungewasoma kwenye vitabu vya historia. Wamebaki hai kwa sababu hapakuwa na mtu mmoja mwenye uwezo wa kuamua wafe.

Kwa hiyo sisemi kiwanda kisitoe fedha. Kitoe, tena sana. Ardhi ni ya hapa, chokaa ni ya hapa, malori yanapita hapa usiku na mchana. Ninachokataa ni kupiga magoti tuombe kumilikiwa. Tofauti ya mdhamini na mwenye mali ni kubwa. Mdhamini akiondoka anaacha pengo kwenye jezi. Mwenye mali akiondoka anaondoka na jezi, basi, usajili na nafasi kwenye ligi.

Barua ambayo ningekubali kuiandika ingekuwa na mambo manne.

Kwanza, isitoke kwa waombaji, itoke kwa klabu. Wakazi wa Pongwe waunde klabu yenye katiba, waisajili kwa Msajili wa Vyama vya Michezo, wanachama walipe ada hata ya kikombe cha kahawa na kashata kwa wiki. Na katiba iseme wazi kwamba zaidi ya nusu ya klabu haitauzwa kwa yeyote. Serikali ilishawaambia Simba na Yanga kwamba asilimia 51 ibaki kwa wanachama. Kama hilo ni la busara kwa wakubwa, ni la lazima kwa wadogo.

Pili, tuombe uwanja wenye hati, si timu. Mdogo wangu na wenzake wanacheza kwenye eneo ambalo mtu yeyote mwenye nondo na mchanga anaweza kulikalia kesho. Timu huvunjwa kwa tangazo la ukurasa mmoja. Kiwanja kilichopimwa na kuandikwa kwa jina la jamii hakivunjwi kirahisi hivyo, hata kiwanda kikiuzwa mara saba.

Tatu, udhamini uwe wa mkataba wa miaka inayojulikana, na mdhamini anayetaka kujitoa atoe taarifa msimu mzima kabla. Mkataba huo umfunge na mnunuzi mpya.

Nne, na hili ni la mjomba. Kila kijana atakayelipwa kucheza aandikwe mchezaji. Si karani wa stoo, si kibarua wa ghala. Awe na mkataba wake, bima yake ya goti, na mchango wake wa hifadhi ya jamii.

Mwaka 1903, katika mji wa Leverkusen, Ujerumani, wafanyakazi 170 wa kiwanda cha Bayer walitia saini barua wakiomba mwajiri wao awasaidie kuanzisha klabu ya michezo. Klabu iliyotokana na barua hiyo ikawa bingwa wa Ujerumani mwaka 2024 bila kufungwa. Vijana wangu wa kijiweni wangeijua habari hiyo wangenirushia usoni. Nami ningewajibu kwa kanuni ya soka la Ujerumani lenyewe, inayotaka kura nyingi za klabu zibaki kwa wanachama. Leverkusen ilibidi ipewe ruhusa maalumu ili ibaki ya kiwanda. Kule timu ya kampuni ni jambo la kuombewa ruhusa. Hapa kwetu ndiyo ndoto tunayoiandikia barua.

Jioni ya kuamkia safari yangu ya kurudi chuoni nilimkuta mdogo wangu nyuma ya nyumba anapaka glovu zake mafuta ya nazi, zisikakamae. Aliniuliza bila kuniangalia, "Dada, kwa hiyo hutaki nicheze Ligi Kuu?"

Nilimwambia nataka acheze mpaka achoke. Nataka pia siku akichoka, arudi Pongwe akiwa na faili lenye neno "golikipa" ndani yake, na akikute kiwanja alichoanzia bado kipo, na awe na haki ya kusimama kwenye mkutano wa klabu akapaza sauti mpaka anyang'anywe kipaza sauti.

Alifikiri kidogo. "Sasa hiyo nayo," akasema, "si uiandike?"

Nimeiandika. Nakala ya kwanza nimempa yeye aipeleke kijiweni, na kwenye nafasi ya saini nimeacha mistari 170.